Maji ya Pipa la Ghorofa ya Tano

Spiro Lambrev alijaliwa kipaji kimoja tu, nacho ni mapafu. Hayo husema mwenyewe, na katika jengo letu mjini Vratsa hajatokea mtu wa kumpinga. Kwa miaka ishirini na sita alipuliza tarumbeta kubwa kuliko yote katika bendi ya wazimamoto, akiwa mstari wa nyuma kabisa, na katika miaka hiyo, kwa hesabu yake, alijifunza sauti mbili: "pu" na "pa". Anasema sauti ya tatu alikuwa anaikaribia umri wa kustaafu ulipomkuta.

Jina, hata hivyo, hakulipata kwa tarumbeta. Alilipata kwa pipa.

Kila mwisho wa Oktoba sisi watu wa jengo hili hupandisha kabichi ngazini kwa magunia. Hutoboa kitako cha kila kabichi, hujaza chumvi kwenye tundu, huzipanga nzima nzima katika pipa lililoko roshani, humwagia maji ya chumvi na kuweka jiwe juu, kisha husubiri zichachuke. Kabichi zenyewe huliwa na nyama ya nguruwe msimu mzima wa baridi, lakini mtu akikuuliza pipa lako likoje mwaka huu, haulizii kabichi. Anaulizia maji. Maji ya pipa ndiyo tunayokunywa asubuhi baada ya kuzidisha pombe kali ya rakia usiku, yakinyunyiziwa pilipili nyekundu ya unga. Ndiyo tunayopikia wali, tunayochemshia maharage, na wenye mikono mizuri huyakandia mkate. Mama mwenye maji mabaya hupokea wageni wa Krismasi huku macho yake yako sakafuni.

Maji hayo hayataki kutulia. Yakiachwa yatulie, chumvi hulala chini, juu huoza, na katikati huwa vitu ambavyo nitavieleza mbele. Kwa hiyo lazima yachezeshwe kila siku. Wengi wetu hufungua koki iliyo chini ya pipa, hukinga ndoo, kisha huyarudisha juu. Spiro yeye alipuliza. Alikuwa na mpira wa maji wa mita mbili. Ncha moja aliisukuma mpaka chini ya pipa, nyingine aliitia mdomoni, akavuta pumzi iliyomsogeza tumbo mpaka kwenye ukingo wa roshani, akapuliza. Pipa likakoroma, likaguguma, likatoa mapovu, na mpaka ghorofa ya pili watu walitazamana wakasema, "Saa kumi na mbili hiyo. Spiro yuko kazini."

Wageni walipelekwa roshani kushuhudia, watake wasitake. Baada ya hapo walirudishwa mezani, wakamiminiwa maji katika glasi, na Spiro akaiinua glasi yake kwenye mwanga wa taa. "Yatazameni," angesema. "Hayo ni pumzi zangu, jamani. Pumzi tupu." Mkewe, Rusalina, alikuwa akipita nyuma yake na sahani za nyama, kimya, kama mtu ambaye jambo hilo halimhusu.

Na laiti angeishia kujisifu. Spiro alikuwa na ugonjwa wa kuyasemea pia mapipa ya wenzake. Tsolo wa ghorofa ya nne, ambaye roshani yake iko moja kwa moja chini ya ile ya Spiro, alipotimiza miaka sitini alitualika sote, akatukirimu vizuri, akatumiminia na maji yake. Spiro akaonja, akayazungusha mdomoni, akameza. Watu wote wakamtazama.

"Tsolo, rafiki yangu," alisema, "haya usiyamwage. Yanafaa kabisa kuoshea madirisha."

Tulicheka. Mimi pia nilicheka, siwezi kukana. Tsolo hakucheka, na mkewe Gina akaondoa jagi mezani.

Sasa, mwaka jana mwanzoni mwa Oktoba, Rusalina alishikwa na maumivu ya tumbo, akapelekwa hospitali mjini Sofia, wakamtoa kibofu cha nyongo. Kidonda kikatunga usaha, wakamfungua tena. Kitu kilichopaswa kuwa wiki moja kikawa wiki sita. Spiro alikwenda kumwona kila Jumatano na kila Jumapili, na siku nyingine alibaki peke yake nyumbani, akizungumza na redio. Oktoba ikafika mwisho, magunia yakaanza kupanda ngazi, na Spiro akapata wazo ambalo aliliona la busara kubwa: atalitengeneza pipa mwenyewe, na Rusalina akirudi atalikuta tayari.

Hapo ndipo ilipojulikana, kwake mwenyewe kwanza, kwamba katika miaka thelathini na moja ya umaarufu hajawahi kushika kabichi. Zilikuwa zinaingia pipani vipi? Hakujua. Yeye alikuwa akiitwa roshani pipa likiwa limeshajaa. Angeweza kushuka ghorofa moja akaulize, lakini mtu anayejulikana mji mzima kwa pipa lake ataulizaje watu jinsi pipa linavyojazwa? Afadhali kufa. Alikumbuka kwamba Rusalina hupima chumvi kwa yai: yai likielea, maji yako sawa. Yai la kwanza likazama. Akaongeza chumvi, akatumbukiza la pili kwa kishindo, likavunjika. La tatu alilikaanga akalila kwa hasira. La nne lilielea, au alijishawishi kwamba limeelea, akazitumbukiza kabichi alivyoweza, akamwagia maji, akaweka jiwe, akafunika pipa, akakaa kwenye kigoda akijipongeza kwa saa nzima.

Kuanzia siku iliyofuata, kila saa kumi na mbili jioni, alipuliza. Alipuliza kuliko miaka yote. Alipuliza akimfikiria Rusalina mle wodini, na kuna siku alipuliza akilia. Ni kweli kwamba kadiri siku zilivyokwenda pipa lilianza kukoroma kwa sauti nzito, na mapovu yalichukua muda kupasuka. Spiro alidhani ni unono. Hakuonja, maana kwake kuonja lilikuwa jambo la kufanywa mbele ya wageni, na wageni hawakuwepo.

Rusalina alirudi Jumanne moja katikati ya Novemba. Dereva wa gari la wagonjwa na Spiro walimpandisha ngazi akiwa amekaa kwenye kiti cha jikoni, na Spiro anasema kiti kilikuwa kizito kuliko mtu. Alilazwa karibu na dirisha. Hakutaka kula. Spiro akapika supu ya kuku, Rusalina akaonja kijiko kimoja. Akamletea mtindi, akageuza uso. Akamwokea malenge kwa asali, akasema, "Asante, Spiro, weka hapo," na hapo likabaki mpaka likakauka. Siku tatu alikunywa chai tu.

Ijumaa daktari wa mtaa alikuja. Alimpima, akamfunika vizuri, akamvuta Spiro jikoni na kufunga mlango.

"Bwana Lambrev, nitakuja tena Jumatatu. Nikimkuta bado hajaanza kula, itabidi arudi Sofia, awekewe dripu."

"Basi na arudi, si watamtibu?"

"Kidonda kimepona. Tatizo si kidonda tena." Daktari akaivaa glovu yake moja, akaivua. "Ametoka huko amechoka, bwana. Mtu aliyechoka hivi ukimrudisha huko tena... Mpe chochote atakachokitaka. Chochote kile."

Spiro aliogopa. Hakuna namna nyingine ya kulisema. Alikaa jikoni akatazama kibanio cha nywele cha mkewe kilichokuwa juu ya friji tangu Oktoba.

Jumamosi asubuhi alikuwa anafuta meza chumbani, akijifanya ana shughuli, Rusalina alipofumbua macho.

"Spiro."

"Nipo."

"Maji ya pipa letu yameshakuwa?"

Kitambaa kikamdondoka. Ilikuwa mara ya kwanza kwa siku nne kuulizia kitu cha kutia mdomoni. "Yameshakuwa!" alisema, na sauti ikamtoka kubwa mno kwa chumba kile. "Yameshakuwa, Rusa! Nimeyapuliza kwa mkono wangu mwenyewe!"

"Kwa mkono?"

"Kwa mdomo! Nakuletea!"

"Nusu kikombe tu. Nimeyaota usiku."

Alitoka kwenda roshani bila koti, akaondoa kifuniko, akaondoa jiwe, akatumbukiza upawa na kuuinua. Maji yakaufuata. Upawa ulikuwa usawa wa kifua chake na maji bado yameushikilia, yananing'inia, yananyooka kama mlenda, hayataki kukatika. Spiro akainua mkono zaidi. Yakanyooka zaidi. Akausogeza upawa kushoto, nayo yakaenda kushoto. Anasema alisimama pale kwenye baridi kama mtu anayecheza na paka.

Kila mtu anayekaa na pipa anajua kitu hicho, tunachokiita mlenda, na anakiogopa. Si sumu, lakini si kitu cha kumpa mgonjwa, na hasa si kitu cha kumpa mgonjwa ambaye maji ya pipa ndiyo kitu pekee alichokitaka duniani.

"Punda," alijiambia. "Punda mwenye mapafu."

Akarudi ndani, akachungulia chumbani. "Bado kidogo, Rusa. Yanatulia."

Rusalina alimtazama kwa muda. "Yanatulia? Tangu lini maji ya pipa yakatulizwa?"

"Dakika kumi tu," alisema Spiro, akachukua sufuria ndogo, akaificha ndani ya koti, akashuka ngazi. Alikuwa anamficha nani sufuria hiyo, hajui hata leo, maana ngazini hakukuwa na mtu.

Tsolo alifungua mlango akiwa na kandambili na gazeti. Alimtazama Spiro, akautazama uvimbe ulioko kwenye koti, akautazama mpini wa sufuria uliochomoza chini ya vifungo. Hakuharakisha.

"Jirani," alisema. "Karibu. Rusalina anaendeleaje?"

"Ndiyo hilo limenileta. Tsolo, naomba maji ya pipa. Nusu sufuria. Hata robo."

Tsolo alikunja gazeti mara mbili. "Maji yangu?"

"Maji yako."

"Madirisha yako yamechafuka, Spiro?"

Uso wa Spiro uliiva mpaka masikioni. Alikuwa amejiandaa kwa lolote ila hilo, ingawa ndilo pekee alilopaswa kujiandaa nalo. "Sema," alisema. "Sema yote, una haki. Nina mdomo mkubwa, ni mdomo wa tarumbeta, hauna akili ndani yake, ni upepo tu. Nitakuja kukuomba radhi mbele ya jengo zima ukitaka, nitapiga magoti pale chini kwenye masanduku ya barua. Lakini nipe kwanza maji. Ameomba mwenyewe. Hajala tangu Jumanne na daktari anakuja Jumatatu, na mimi nimemharibia pipa."

Tsolo alifungua mlango wote. "Ingia, unaniingizia baridi. Gina! Njoo, Spiro huyu, ana sufuria tumboni."

Gina alitoka jikoni akijifuta mikono. Alisikiliza, hakuuliza mengi. Alikwenda roshani akarudi na chupa ya kioo ya lita moja, imejaa maji ya rangi ya waridi, safi mpaka unaona vidole vyake upande wa pili. Spiro aliitazama chupa ile na kwa mara ya kwanza akayaona maji ya Tsolo jinsi yalivyo. Yalikuwa mazuri. Yalikuwa mazuri tangu zamani.

"Ya kwenu yamekuwa mlenda?" aliuliza Gina.

"Mlenda mtupu. Sijui nimekosea wapi, shemeji. Chumvi niliipima kwa yai. Na nimepuliza kila siku, hata siku moja sikuruka."

"Na asubuhi ulikuwa unarudisha ndoo ngapi?"

"Ndoo gani?"

Gina alimtazama Tsolo. Tsolo alilifungua tena gazeti lake, akakuta limegeuka juu chini, akalikunja.

"Ndoo za asubuhi," alisema Gina polepole. "Alizokuwa anarudisha Rusalina. Saa kumi na moja alfajiri, Spiro. Mimi nalala upande wa roshani. Miaka yote hii nasikia koki yenu inafunguliwa, ndoo inajaa, inamwagwa juu. Ya kwanza, ya pili, ya tatu, mpaka nane. Ikiisha ya nane najua ni wakati wa kuamka nichemshe kahawa. Novemba nzima, kila mwaka, hata ile barafu ya mwaka ule mabomba yalipopasuka."

Spiro aliinua macho kwenye dari. "Rusalina?"

"Sasa nani? Wewe ulikuwa unakoroma. Hata hilo tunalisikia."

"Mbona hamkuniambia?"

"Tulidhani unajua," alisema Tsolo, na kwa mara ya kwanza sauti yake haikuwa na kejeli. "Jengo zima linajua, kaka. Tulidhani unafanya mzaha tu na wageni."

Spiro akakaa kwenye kiti cha viatu kilichoko mlangoni. Aliishika chupa kwa mikono miwili, akafikiri, na mwishowe akauliza swali ambalo Gina amelisimulia kwa kila mwanamke wa jengo hili, na kila mara analisimulia akijishika mbavu.

"Na kupuliza kwangu je?"

Gina alimwonea huruma. "Kupuliza hakudhuru, shemeji," alisema.

Ghorofa ya nne na ya tano zimetenganishwa na ngazi kumi na sita. Spiro anasema alizipanda kwa muda mrefu kuliko kawaida ya mtu mwenye mapafu yake. Miaka thelathini na moja, mara siku thelathini, mara ndoo nane: alijaribu kupiga hesabu hiyo, akaiacha njiani. Alichokiona vizuri zaidi kilikuwa yeye mwenyewe, glasi juu kwenye mwanga, tumbo mbele, akisema "pumzi zangu", na nyuma yake mwanamke anapita na sahani, mwanamke aliyekuwa macho tangu saa kumi na moja. Alitamani kumpata Spiro yule ampige kofi.

Alimimina maji ya Tsolo kwenye kikombe cha Rusalina, kile cha udongo chenye ufa, akanyunyiza pilipili, akayachukua chumbani, akamwinua mkewe kwa mto. Rusalina alinusa. Akanywa funda moja dogo, akalishikilia mdomoni, akameza. Kisha akakiweka kikombe mezani kwa uangalifu.

"Ya Gina haya," alisema. "Anatia tufaha pipani."

Spiro akakisogeza kikombe karibu naye tena.

"Mwambie asante. Mazuri sana. Sasa niletee ya kwetu."

"Kunywa hayo kwanza, Rusa. Ni mazuri, wewe mwenyewe umesema. Nilikuwa namtukana Tsolo bure miaka yote."

"Najua ni mazuri. Sikuomba mazuri. Nimeomba ya kwetu."

Spiro alivua kofia yake ya bendi, ambayo alikuwa amesahau kuivua tangu ghorofa ya nne. "Ya kwetu yamekuwa mlenda," alisema. "Nimeyaharibu. Nilitaka uyakute tayari. Nimevunja yai, nimeweka chumvi nijuavyo, nimepuliza kama mwehu, na yamekuwa mlenda."

Rusalina alijiinua kidogo kwenye mto. "Yananyooka mpaka wapi?"

"Sijui. Nilifika kifuani nikaogopa."

Kwanza ilikuwa kama kikohozi. Spiro akarukia mto, akidhani amepaliwa. Halafu akaona mabega. Mkewe alikuwa anacheka, mkono umeshika kidonda juu ya blanketi, machozi yanamshuka pembeni. "Usinichekeshe," alisema. "Spiro, nakuomba, panauma. Mpaka kifuani!"

"Gina ameniambia habari za ndoo," alisema Spiro.

Kicheko kikapungua, kikaisha. Rusalina akajifuta macho kwa shuka.

"Kwa nini hukuniambia?" Alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda na hakumtazama. "Miaka thelathini na moja, Rusa. Nimejisifu mbele ya watu. Nimejisifu mbele yako."

"Ningekuambiaje?" Alizungumza taratibu, kwa sababu pumzi zake zilikuwa chache. "Mwaka wa kwanza nilitaka kukuambia. Maji yalianza kuwa mlenda, na wewe ulikuwa umeshapuliza wiki mbili. Nikaamka asubuhi moja nikarudisha ndoo chache, nikasema jioni nitamweleza. Jioni ukatoka roshani uso mwekundu, nywele zimesimama, unaniita, 'Rusa, njoo usikie linavyoongea!' Kwenye bendi walikuweka nyuma ambako hata mama yako hakukuona. Hakuna mtu aliyewahi kukusifia kitu. Nikajiambia, ndoo nane ni nini? Acha alale."

Spiro alikunja kofia, akaikunjua.

"Lakini usidhani sikukasirika," aliendelea Rusalina. "Mwaka ule ulipowaambia wageni kwamba mkono wa mwanamke hauna nguvu za pipa. Unakumbuka? Kesho yake nilisimama hapo mlangoni na ndoo ya tisa. Ulikuwa umelala mdomo wazi. Nilikaribia sana."

"Ungenimwagia."

"Ningelowesha godoro."

Kisha Rusalina akasukuma blanketi. "Nisogezee kiti mlangoni pa roshani. Unifunike vizuri. Mlenda hutibiwa kwa ndoo, wala si kwa kulia."

Spiro alibisha, alimtaja daktari, alitaja upepo unaoshuka kutoka mlimani, lakini katika ubishi hajawahi kumshinda mkewe. Alimkalisha kwenye kiti cha jikoni mlangoni, na mablanketi mawili na kofia ya bendi kichwani, kwa sababu ndiyo iliyokuwa karibu. Akachuchumaa mbele ya koki na ndoo.

Ilionekana mara moja kwamba kazi hiyo haijui tarumbeta. Mlenda ulitoka kwenye koki polepole, kwa kujivuta, kama ng'ombe anayepelekwa josho. Ndoo ilipojaa ilibidi iinuliwe juu ya kichwa na kumwagwa pipani, na ndoo ya kwanza nusu yake iliingia kwenye mkono wa koti lake mpaka kwapani.

"Juu zaidi," alisema Rusalina. "Uanguke kutoka mbali, upate hewa."

"Juu zaidi niko mbinguni."

"Hiyo ya pili hiyo. Usichuchumae hivyo, piga goti moja."

"Ulikuwa unapiga goti?"

"Nilikuwa nakalia kigoda. Lakini wewe piga goti."

Kwenye ndoo ya nne mgongo ulimkatika. Kwenye ya tano miguu ilikuwa imelowa mpaka soksi, na sakafu ya roshani ikawa inateleza, akashika ukingo kwa mikono miwili akaning'inia pale kama nguo. Kutoka chini sauti ya Tsolo ikapanda. "Spiro! Mnatuosha madirisha huko?"

"Nyamaza, Tsolo!" Rusalina alisema, kwa sauti ambayo Spiro alikuwa hajaisikia tangu Septemba. "Anajifunza kazi!"

Ya sita. Ya saba. Spiro alikuwa anahema kwa mdomo, yeye mwenye mapafu yake. Alimtazama mkewe na kofia ile ya wazimamoto iliyomfunika mpaka kwenye nyusi, na akajaribu kuwaza alfajiri, giza, barafu kwenye ukingo, na mwanamke huyu huyu, kijana, halafu si kijana tena, akiinua ndoo polepole ili isigonge pipa na kumwamsha mtu. Alimwaga ya nane.

Ukweli ni kwamba mlenda haukwisha siku ile. Huchukua wiki, na kuna miaka huchukua mbili. Maji yalikuwa yamelegea kidogo, hiyo tu ndiyo faida ya ndoo nane na soksi zilizoharibika. Alipochota upawa kumwonyesha, uzi mrefu ulining'inia kutoka kwenye ukingo wake mpaka pipani.

"Weka kwenye kikombe," alisema Rusalina.

"Si utasubiri wiki ijayo? Rusa, haya hayanyweki. Mimi mwenyewe siyawezi."

"Hukuonja hata kidogo?"

"Nilikuwa nasubiri wageni," alisema Spiro, kwa aibu.

"Weka kwenye kikombe."

Aliweka. Ilibidi akate uzi kwa kidole. Rusalina alikishika kikombe kwa mikono miwili, akavuta pumzi, akanywa. Spiro alimtazama koo likipanda na kushuka, mara moja, mara mbili, na akasubiri ateme. Hakutema. Alikunja uso wote, macho, pua na mashavu, akanywa tena mpaka mwisho, akapangusa kidevu ambako kitu fulani kilikuwa bado kinaning'inia.

"Mabaya," alisema.

"Nilikuambia."

"Mabaya sana, Spiro. Tangu nizaliwe sijanywa kitu kibaya kama hiki. Hata mama yako hakufika hapa." Akamrudishia kikombe, nacho kilikuwa kitupu. "Ongeza. Na ukate mkate, siwezi kuyanywa hivi hivi."

Spiro alikwenda jikoni akiacha nyayo za maji sakafuni. Alikata kwa haraka, kipande cha kwanza kikatoka kinene kama tofali na upande mmoja mwembamba kama karatasi. Akamletea hivyo hivyo, kwenye kiganja, bila sahani. Rusalina alikichovya kwenye mlenda ule, akala upande mwembamba, akala na ule mnene, akatafuna ukoko kwa muda mrefu, kisha akanyoosha mkono kuomba kingine.